Filamu ya Mvunguni

Nyumba iliyowahi kuingiliwa na Mto Tana hujifunza kuweka vitu juu. Kwetu Garsen, tangu El Niño ya 1997, mchele, vyeti na hata viatu vya sikukuu hukaa uchagani, na vitanda vimeinuliwa kwa matofali. Mvunguni pakabaki kwa kuku na watoto, mpaka mdogo wangu aliporudi kutoka chuo Nairobi akiwa na wazo la filamu.

Alikuwa amesomeshwa habari za Stan Brakhage, Mmarekani aliyetengeneza Scenes from Under Childhood kati ya 1967 na 1970: wekundu unaowaka na kuzimika, sura zenye ukungu, dunia kama anavyoiona mtoto asiyejua bado majina ya vitu. Yeye akataka fupi. Simu ifungwe kwa leso kifuani mwa binti yangu wa miaka mitatu, kisha aachwe azurure.

"Na akienda mtoni kwenye mamba?" Mama akauliza. Lango likakomewa.

Asubuhi hiyo sitaisimulia yote. Uji uliimwagikia simu, mbuzi akatafuna ncha ya leso na mwigizaji akalala katikati ya kazi.

Jioni tukakaa mbele ya televisheni pamoja na majirani. Vivuli, miguu ya kuku, giza, pumzi. "Tazameni nuru hiyo!" akasema mdogo wangu. Mama akasema hiyo ni shuka yake, na nani ameitoboa?

Halafu tukaingia mvunguni mwa kitanda cha Baba. Kikapu cha maembe ngowe. Mkono ukashuka, ukachagua lililoiva, na sauti tunayoijua sote ikanong'ona: "Shika na wewe, usimwambie nyanya."

Baba ana sukari. Mama humpimia ugali kwa kikombe.

Kwa kichanga huenda Brakhage alipatia. Wa miaka mitatu majina anayajua, hasa ya vitu vinavyofichwa. "Ngowe ya babu!" akapiga kelele, akionyesha kwa kidole.

Mama akaagiza irudishwe nyuma. Baba akadai picha za siku hizi hutungwa na kompyuta. Mdogo wangu naye akalalamika kwamba kipande hicho kinaonekana wazi mno, kinaharibu mtindo. Afadhali akifunike kwa ukungu na wekundu.

Baba, aliyekuwa akiita masomo hayo karo iliyotupwa mtoni, akasimama. "Mwacheni mtaalamu afanye kazi yake," akasema. "Na huo wekundu usiufanyie ubahili."