Mlimani Hakuna Mkweli

Kama una ndugu unayemwamini kwa kila neno, usipande naye mlima. Mjini atakuwa mtu wa haki, anarudisha chenji iliyozidi dukani, hakati foleni. Mpandishe mita mia chache tu juu ya nyumba yake, ataanza kukuambia kuwa hajachoka, kiatu hakimbani, na pale aliposimama ameshika kiuno alikuwa akiangalia mandhari. Nina ushahidi. Msafara wetu wa kwenda Uluguru ulikuwa na mweka hazina wa vikoba, ambaye ni mke wangu. Mjomba aliyepita JKT. Shemeji anayeimba kwaya. Na mwalimu wa hesabu, ndiye mimi. Watu wa kuitwa kusuluhisha kesi za ukoo. Kufikia saa saba mchana, hakuna kati yetu ambaye ungemwachia funguo za nyumba.

Uongo wenyewe tulipanda nao treni Dar es Salaam. Tangu SGR ianze kubeba abiria hadi Morogoro, Juni 2024, safari haifiki saa mbili, na mtu wa Dar hana tena kisingizio cha kutopajua mji kasoro bahari. Mjomba aliutumia muda huo kutusimulia alivyokimbia na gogo begani, enzi zake kambini Mafinga. Tulipopita Soga, gogo lilikuwa la mtu mmoja. Ruvu likawa la watu wawili. Ngerengere lilikuwa mti mzima wenye mizizi, na afande mmoja amekaa juu yake akipiga filimbi.

Shemeji alikuja na raba nyeupe pee na darubini ya kuazima. Alikuwa anataka tembo. Mwongozaji wetu, kijana wa Kiluguru mwenye sauti ya upole na miguu isiyojua kuchoka, alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akampanga vizuri. Tembo wako Mikumi, hifadhi ya taifa tangu 1964, na ile barabara kuu ya kwenda Iringa inapita katikati yake. Akitaka hifadhi ya taifa ya kupanda kwa miguu, basi ashuke mpaka Udzungwa, iliyotangazwa 1992, akaone maporomoko ya Sanje yanavyoanguka mita 170. Hapa Uluguru ni hifadhi ya mazingira asilia, iko chini ya Wakala wa Huduma za Misitu, na kibali chake ndicho hicho tulichokwisha kulipia.

“Kwa hiyo hapa hakuna kitu?” shemeji akauliza.

“Vipo, dada. Kuna vinyonga, vyura, ndege, ambao dunia nzima hawapo isipokuwa humu. Ila wote ni wadogo.”

Hilo lilikuwa neno la mwisho la kweli kutoka kwake mpaka jioni. Mara baada ya hapo mke wangu alimuuliza Morningside ni umbali gani, naye akanyoosha mdomo kuelekea juu na kusema, “Nusu saa tu, mama.”

Nimefundisha hesabu miaka mingi na nusu saa naifahamu. Hii haikuwa yenyewe. Tuliitembea tukapita nyumba za mwisho za mji, tukaitembea kwenye migomba, tukavuka kijito, tukanywa maji, tukauliza tena. “Nusu saa tu.” Mji wa Morogoro uko kwenye kama mita 500 kutoka usawa wa bahari na Morningside ni kama 1,300, yaani tofauti ya mita 800 inayopandwa kwa magoti ya watu waliozoea lifti. Nikaanza kuomba mapumziko kwa ajili ya kamba ya kiatu. Kiatu changu kina kamba ndefu, na kamba ndefu hufunguka. Asiyeamini aje aione.

Mjomba naye alipata cheo njiani. Mwongozaji alitaja kwamba Waluguru hufuata ukoo wa upande wa mama, na kwamba kwa desturi kaka wa mama ndiye mwenye kauli juu ya mambo ya watoto wa dada yake. Mjomba alisimama. Akaomba arudie. Kisha akageuka, akanitazama mimi, mtoto wa dada yake, akanikabidhi begi lake, lenye thamosi ya chai na Biblia kubwa. Alitembea mikono mitupu mbele ya msafara, akilisifia kabila lenye busara, hadi mwinuko ulipozidi kuwa mkali na cheo kikamrudisha nyuma kabisa.

Hapo nyuma ndipo alipomkuta mzee akipalilia maharage kwenye mwinuko ambao mimi nisingeweza hata kusimama. Mjomba, baada ya shikamoo, akamshauri achimbe matuta ya ngazi ili kuzuia mmomonyoko. Mzee aliegemea jembe lake. “Waingereza nao walisema hivyo hivyo,” akajibu, kwa adabu zote. Mwongozaji alikohoa kidogo. Tulipofika mbali akatueleza kuwa miaka ya 1950 serikali ya mkoloni iliwalazimisha watu wa milima hii kuchimba matuta kwenye miinuko, kazi ya kuvunja mgongo, na mwaka 1955 wakachachamaa hadi kukatokea ghasia. Kutoka mwaka huo hadi leo, inaonekana, hakuna aliyethubutu kurudia ushauri ule hadi alipofika mjomba wangu. Yeye alidai alikuwa anatania.

Mkweli wa kwanza tulimkuta kwenye kona. Alikuwa bibi mwembamba aliyevaa malapa, mkungu wa ndizi kichwani, anateremka kwenda sokoni kwa mwendo wa mtu aliyechelewa kidogo. Tulijipanga ukingoni kumpisha. Tukamwamkia, akaitikia, akasimama bila kuushusha mzigo.

“Mnakwenda wapi, wanangu?”

“Juu, bibi.”

“Kuna msiba?”

“Hapana.”

“Mna shamba?”

“Hapana, tunakwenda kuangalia.”

“Kuangalia nini?”

Mke wangu, anayejibu maswali ya wanachama arobaini wa vikoba bila kufungua daftari, alinitazama mimi. Mimi nikamtazama mjomba. Mjomba akafunga kamba ya kiatu, na yeye alikuwa amevaa makubazi. Shemeji ndiye aliyepata ujasiri wa kuuliza kama bado mbali.

“Bado sana,” bibi akasema, akaendelea na safari yake. Mwongozaji alitazama pembeni kama mtu aliyeumbuliwa na mama yake mbele ya wageni.

Morningside ni nyumba ya mawe ya enzi za Wajerumani, waliopanda huku kukimbia joto la bondeni. Tulikula chapati na mayai ya kuchemsha kwenye kivuli chake. Mjomba alilala, akakoroma, na alipoamshwa akasema alikuwa anatafakari. Busara ilitaka turudi kutoka hapo. Lakini alikuwa amesikia kuwa kilele kirefu kuliko vyote, Kimhandu, kinapita mita 2,600, akataka tumpeleke huko, leo hii, kabla ya treni ya jioni. Mwongozaji hakubishana naye. Alisema Kimhandu kiko ng'ambo kidogo, ila njia ya kuelekea Bondwa, kule kwenye minara ya mawasiliano, ni nzuri zaidi na ina kivuli.

Kivuli kilikuwepo kweli. Ukiingia msituni, jua linazimwa. Miti imevaa kuvu na shela za ukungu, njia ni mizizi mitupu, na sauti za ndege zinatoka juu usikokuona. Hapo mwongozaji akanyanyua mkono, tukaganda wote. Kuna ndege mmoja, alinong'ona, anayeishi kwenye msitu wa Uluguru peke yake, hapatikani mahali pengine popote duniani, na wataalamu huvuka bahari kuja kumtafuta. Kichwa cheusi, mgongo wa kijani, tumbo la njano.

“Huyo ni Yanga,” akasema shemeji, ambaye ni Simba tangu tumboni. Akashusha darubini.

Mwongozaji alionyesha juu, kwenye majani yaliyofumana. “Yule pale.” Mke wangu akasema amemwona. Mimi nikasema nimeona mkia. Mjomba, ambaye miwani yake ilikuwa mfukoni mwangu, akamsifia mdomo. Mpaka leo nashuku kuwa hapakuwa na kitu zaidi ya jani la manjano, na kwamba hata mwongozaji mwenyewe alikuwa anatupa moyo. Lakini huwezi kulipa kibali, ukapanda hivyo, halafu ukakiri kwamba umeona jani.

Jambo moja lilithibitika bila shaka. Mjomba alipokuwa akieleza jinsi ya kumtambua ndege kwa mdomo, alikuwa amesimama juu ya msafara wa siafu. Siafu hawana haraka. Hupanda kimyakimya ndani ya suruali, hujipanga, kisha kama waliopewa amri, huuma wote kwa pamoja. Hapo ndipo niliposadiki habari za Mafinga. Mzee yule ambaye tulikuwa tumemsubiri kila kona alipita mbele ya mwongozaji kwa kasi, akaruka gogo, akavua makubazi akiwa hewani, na alipofika kwenye uwazi alianza kuvua na vingine ambavyo si adabu kuviandika. Shemeji aliimba pambio ili asisikie maneno yake.

Tukasonga kidogo tu, na wingu likatushukia. Halikuja kama mvua ya Dar, kwa kelele na mabati; lilikaa tu, jeupe, tukawa ndani yake. “Hapa ni kama kileleni,” akasema mwongozaji, nasi tukalipokea neno hilo kwa mikono miwili. Kungekuwa wazi, aliongeza, tungeuona mji wote, na bwawa la Mindu kule. Shemeji alipiga picha akiwa amenyoosha mikono, akaiweka kwenye status: Kileleni! Mtandao ulikuwa safi, minara ikiwa jirani, hivyo jibu lilirudi papo hapo. Rafiki yake alitaka kujua kama ile ni picha ya pasipoti.

Mwongozaji ndiye aliyetueleza tuko ndani ya nini. Mawingu haya hutoka Bahari ya Hindi, hukutana na Uluguru, hushindwa kupita, hujimwaga. Upande wa mashariki wa milima kwa mwaka hupata zaidi ya milimita 2,000 za mvua. Msitu huishika, huiachia taratibu kwenye vijito, vijito huingia Mto Ruvu, na Ruvu ndiyo inayoinywesha Dar es Salaam. “Hapa ndipo bomba lenu linapoanzia,” akasema. Na bomba likafunguliwa juu ya vichwa vyetu.

Kushuka sitakueleza kwa kirefu, kwa sababu sehemu kubwa sikuiona, nilikuwa chali. Udongo mwekundu ulioloa haukubali kukanyagwa. Raba nyeupe za shemeji zilibadili rangi mpaka zikawa za timu yake, faraja ndogo. Yule bibi wa ndizi alitupita tena, sasa akipanda, na kilo kadhaa za unga kichwani, malapa yaleyale, safi.

Bondeni nilimuuliza kijana yule kuhusu nusu saa zake. Alicheka. “Mwalimu, ningewaambia ukweli asubuhi, mngeishia kwenye chipsi.” Sikuwa na cha kumjibu. Kwenye treni mjomba alimsimulia abiria wa jirani kuwa tumefika kileleni na tumemwona ndege asiyepatikana kokote duniani. Yule bwana alipoonyesha shaka, shemeji, Simba tangu tumboni, aliapa kwamba alimwona kwa macho yake na kwamba zile rangi zilimpendeza.

Mjomba alilala kwetu. Asubuhi alisimama bafuni, matope hadi masikioni, akafungua bomba. Likatoa pumzi tu. Ikabidi tumwite kijana wa mkokoteni anayeuza maji kwa madumu. Mjomba akatoka na taulo kiunoni, akataka kujua maji yenyewe ni ya wapi.

“Ya Ruvu, mzee. Masafi.”

“Hayo jana yalinimwagikia bure,” akasema mjomba. “Nikayalalamikia.”

Lilikuwa neno la kwanza la kweli kutoka kinywani mwake tangu Soga, na muuza maji hakuliamini hata kidogo. Alidai alipwe kabla ya kushusha dumu.