Mkaguzi Mwenye Sufuria

Takrima, ule ukarimu wa mgombea kwa mpiga kura, haina wakili. Mahakama Kuu iliikana, Bunge likatunga sheria ya kuizika, TAKUKURU, wale wa kuzuia rushwa, wanaiwinda kila msimu, na hata mheshimiwa aliyeingia bungeni kwa mgongo wake akiulizwa habari zake hukunja uso kana kwamba hajawahi kukutana nayo. Mtumishi aliyefanya kazi kubwa namna hii, bila mshahara wala kiinua mgongo, hastahili kusimangwa na kila mwenye kipaza sauti. Leo nitamsemea mimi.

Wanaoitukana husema takrima inaficha ukweli wa fedha za kampeni. Wamekosea kabisa. Serikali imehangaika miaka mingi kutafuta njia ya kujua mgombea ametumia kiasi gani, wapi, na kwa nani. Imeunda ofisi, imechapa fomu, imeendesha semina zenye chai na sambusa. Takrima ilishaifanya kazi hiyo zamani, hadharani, na matokeo yake yanatoka siku hiyo hiyo.

Nenda kwenye kata yoyote wakati wa kura za maoni. Mtia nia ana kikao cha ndani nyumbani kwa mjumbe. Nyuma ya nyumba mafiga yameshapangwa, masufuria makubwa yale ya kuazima yako motoni, vitunguu vinakaangwa, moshi unawatoa watoto machozi lakini hawaondoki. Anayesimamia ni mama mmoja mwenye mwiko mrefu. Mgombea hajafika bado, na mama huyu ameshafunga hesabu: mchele kilo 80, nusu ni wa Kyela na nusu ni ule wa kuchanganya, mafuta madumu mawili, la tatu liliahidiwa halikuonekana, nyama ni ya ng'ombe wawili, mmoja kamili na mwingine nusu.

"Hiyo nusu nyingine iko wapi?" anauliza jirani anayemenya viazi.

"Imelala kwa mpambe."

Basi. Ukaguzi umekwisha. Hakuna aliyeandika chochote, hakuna aliyeomba risiti, na kesho yake asubuhi bombani taarifa nzima itasomwa, itajadiliwa na kupitishwa kabla ndoo ya kwanza haijajaa. Atajulikana aliyekula mara mbili. Atajulikana aliyefunga chakula kwenye mfuko wa rambo akasema ni cha mgonjwa. Mpambe naye atajulikana, na ile nusu ya ng'ombe itamfuata mpaka uzeeni.

Kwenye kanga ukaguzi ni mkali zaidi. Kila mwanamke anajua kwamba doti ni pande mbili. Mgombea anayetoa doti nzima hupimwa kwa hilo, na anayekata doti moja akagawia watu wawili hupimwa kwa hilo pia, tena kwa sauti. Yule aliyeleta fulana zinazochuja rangi fuo la kwanza, mpiga kura akabaki na picha ya kiongozi asiye na macho kifuani, huyo hahitaji mkaguzi wa nje. Vijana wa bodaboda nao wana idara yao. Wanapanga foleni sheli na vikaratasi vya mpambe, lita mbili kila mmoja kwa ajili ya msafara. Aliyepunjwa akawekewa lita moja na nusu hapeleki malalamiko ofisini. Anazimisha pikipiki katikati ya barabara, mbele ya gari la mgombea, na kutangaza kwamba mafuta yameisha. Nionyeshe mamlaka ya dola yenye uwezo wa kutoa adhabu haraka kiasi hicho.

Sasa tazama fomu. Sheria ya Gharama za Uchaguzi, Namba 6 ya mwaka 2010, ilisainiwa na Rais Kikwete tarehe 17 Machi 2010, Ikulu, kwa hafla. Msimamizi wake ni Msajili wa Vyama vya Siasa. Mgombea anatakiwa kutaja fedha alizonazo na anazotarajia kupata, asivuke kiwango kilichowekwa na Waziri, na baada ya uchaguzi hesabu zirudishwe. Sheria inagusa hata mchakato wa uteuzi ndani ya chama, maana waliotunga walijua fika kwamba moto wa jikoni huanza huko. Mchango wa mtu binafsi ukizidi shilingi milioni moja lazima utajwe. Wa taasisi, ukizidi milioni mbili. Kwenye karatasi ni sheria nzuri, na sisemi hivyo kwa kejeli.

Lakini fomu ni kitu chenye adabu mno. Haina harufu ya vitunguu. Huamini kila inachoambiwa, na ukiiandikia kwamba mikutano 40 ilihudumiwa kwa katoni tatu za maji, haikuulizi watu walikunywaje. Mama wa mwiko haamini mpaka aonje. Na kile kiwango cha milioni moja, nani katika nchi hii ya ukoo mpana hajui kugawa milioni 10 kwa binamu 11? Kila binamu ametoa laki tisa na ushee, kila binamu ni mzalendo, hakuna binamu wa kutajwa.

Msidhani taifa hili halikuwahi kujaribu kampeni za mdomo mkavu. Mwaka 1965, chini ya chama kimoja, wagombea wawili wa jimbo walizungushwa pamoja kwenye mikutano ile ile iliyoandaliwa na chama, kila mmoja na alama yake, huyu jembe, yule nyumba. Kampeni za pembeni zilipigwa marufuku. Gari lilikuwa moja, jukwaa moja, na mgombea hakuwa na mahali pa kuficha hata bahasha. Matokeo yake? Paul Bomani, Waziri wa Fedha, akaangushwa na wapiga kura wa Mwanza. Waziri wa Fedha, jamani! Hilo ndilo linalotokea mpiga kura akiachwa na njaa kwenye mkutano: anasikiliza. Nchi ilihitaji kulindwa na hatari hiyo, na baada ya vyama vingi kurudi, ulinzi ukapatikana.

Mwaka 2000 Bunge lilirekebisha Sheria ya Uchaguzi na kuipa takrima cheti. Ukarimu wa kawaida au wa kijadi, uliofanywa kwa nia njema, ukatamkwa kwamba si rushwa. Kiasi gani ni cha kawaida? Sheria haikusema, na hapo ndipo ulipo ukarimu wake: mwenye sahani aliulizwa na tumbo, mwenye shamba la ng'ombe aliulizwa na dhamiri. Uchaguzi wa mwaka ule na wa 2005 ulifanyika takrima ikiwa raia mwema mwenye karatasi zote.

Wapo waliosema mila imepinduliwa. Wazee walituambia mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Mwenyeji ndiye hupika na mgeni ndiye hula. Kwenye takrima mgeni anakuja na masufuria yake, mwenyeji anakula, na siku ya tatu hakuna wa kupewa jembe kwa sababu mgeni ameshapanda gari na hataonekana kwa miaka mitano. Mimi naona ni maendeleo. Mila zote hukua.

Hawakuona hivyo Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, wala wenzao wa mashirika ya LEAT na NOLA. Walikwenda Mahakama Kuu, na Aprili 2006 majaji watatu wakaamua kwamba vifungu vya takrima vinakwenda kinyume na Katiba: vinambagua mgombea asiye na uwezo na kumnyima mpiga kura nafasi ya kuchagua kwa uhuru. Ni hukumu iliyoandikwa vizuri na iliyosimama sawasawa kisheria. Takrima ikafutwa vitabuni. Kwenye masufuria habari hiyo haikufika.

Majirani zetu wa Kenya wamepata njia ya kiungwana zaidi. Katiba yao ya 2010 inaitaka tume ya uchaguzi idhibiti fedha za kampeni. Sheria ikatungwa 2013. Bunge likailaza mpaka uchaguzi wa 2017 upite. Agosti 2021 tume ikatangaza viwango kwenye gazeti la serikali, mgombea urais asizidi shilingi za kule bilioni 4.4, mgombea ugavana wa Nairobi milioni 117. Wabunge wakavikataa, na uchaguzi wa 2022 ukaendeshwa bila kiwango chochote. Kuna watu wanaoona aibu hapo. Mimi naona uaminifu. Wenzetu angalau hawatumii wino kusema wasichokusudia.

Turudi kwa mkaguzi wetu, maana sifa lazima ziende na hesabu. Chukua pande la kanga, bakuli la pilau na nauli ya kurudi nyumbani, tuseme vyote vina thamani ya shilingi 10,000. Gawanya kwa miaka mitano. Ni shilingi 2,000 kwa mwaka, yaani shilingi tano na nusu kwa siku, bei ambayo huwezi kupata hata pipi moja dukani. Na kwa bei hiyo mpiga kura amekodisha sauti yake bungeni, barabara yake, zahanati yake na dawati la mwanawe. Wataalamu wanahubiri kila siku kwamba demokrasia ni ghali. Wangekuja kwetu wajionee namna tulivyoishusha bei.

Vyama vya upinzani, kwa wivu, vimejaribu kuiharibia biashara. Vimezunguka vikisema: kuleni kwao, kura mtupe sisi. Ushauri huo unafaa sana kwa tumbo, na sijasikia mtu aliyeikataa sehemu ya kwanza. Sehemu ya pili ndiyo ngumu, kwa sababu mjumbe ana orodha, orodha ina majina, na aliyekula huhisi anatazamwa hata akiwa peke yake na kalamu nyuma ya kile kisanduku cha kadibodi. Siri ya kura ipo, imeandikwa sheriani. Ila pilau nalo lina kumbukumbu.

Nimesema ukaguzi wa takrima umekamilika, na sifa za kweli haziwi sifa zikificha kasoro. Kasoro ipo moja. Mama wa mwiko anaona kila kinachotoka sufuriani; alipotoka ng'ombe haoni. Anajua mpambe kala nusu, hajui tajiri gani mjini ameleta wawili. Anahesabu magari ya msafara, hajui ni ya kampuni gani wala kampuni hiyo inangoja zabuni ipi. Kanga zilipofika zilikuwa zimeshafungwa marobota. Aliyelipia gharama za kiwanda hakuja kula pilau. Huyo hana njaa ya pilau. Yeye ndiye aliyekirimiwa kuliko wote, ila sahani yake huletwa baadaye, uchaguzi ukishapita, na haipakuliwi uani.

Tunakumbuka habari za EPA. Katika mwaka wa fedha 2005/06 akaunti hiyo ya madeni ya nje iliyokuwa Benki Kuu ililipa kampuni 22 zaidi ya shilingi bilioni 133, malipo ambayo wakaguzi waliyakuta hayakustahili. Januari 2008 Rais akatengua uteuzi wa Gavana. Wapinzani wakadai kwamba sehemu ya fedha hizo iliingia kwenye kampeni za 2005. Chama tawala kikakanusha. Wakati ule sheria ya 2010 ilikuwa haijazaliwa, fomu haikuwepo, na takrima ilikuwa halali hadi sahani ya mwisho. Ukimuuliza mama wa mwiko pilau la mwaka ule lilikuwaje, atakueleza vizuri, hata iliki ilizidi au ilipungua. Ukimuuliza fedha zilitoka wapi atakutazama tu.

Kwa hiyo ombi langu ni dogo. Ndugu Msajili, ikifika zamu ya kuchapa fomu nyingine, acha nafasi ya jina la mpishi na sahihi yake. Upande wa matumizi atakujazia yeye, bila posho ya kikao, mpaka lile dumu la tatu ambalo halikuonekana. Ofisi yako, magari yake na wanasheria wake wote, ipe mstari mmoja tu wa kufuatilia: ng'ombe hawa walinunuliwa na nani?