Na Nyinyi Pandeni Jukwaani

Waheshimiwa Baraza la Sanaa la Taifa,

Sisi wa Wilaya ya Chemba tunawapongeza kwa kutochoka kumkagua binti. Kazi hii mmeirithi: 1967 nchi ilimvika mrembo taji, 1968 ikagundua kuwa urembo haupatani na Ujamaa, mashindano yakafutwa. Moscow kwenyewe, ujamaa ulikokuwa na makao, walipata mrembo wao 1988. Sisi tulingoja hadi 1994. Kisha 2014 umri wa mshindi mmoja ukazua utata, akavua taji, nanyi mkatangaza kuyafungia mashindano miaka 2. Fomu za washiriki ziliandaliwa, zikapokelewa na kukaguliwa na watu wazima. Adhabu ikawaangukia mabinti ambao hata viatu vya jukwaani walikuwa hawajavijaribu.

Mtasema mnalinda maadili, na umri ni jambo zito. Kweli ni zito. Ndiyo maana tunashangaa: mwaka huohuo Sheria ya Ndoa ya 1971 ilikuwa ikimruhusu binti wa miaka 15 kuolewa; Mahakama Kuu ilikuja kusema 2016 kwamba hilo linakiuka Katiba, na Mahakama ya Rufani ikakubali 2019. Taji lilitaka miaka 18. Pete ilitosheka na 15. Nani aliifungia pete? Hakuna. Aibu hiyo haikuwa na jukwaa, basi haikuonekana. Samahani, tumepandisha sauti.

Turudi kwenye maombi. Neno “maadili” lipewe likizo ya siku 28. Mtutajie pia heshima huanzia sentimita ngapi kutoka gotini. Lakini ombi kuu ni shindano la watoa vibali, hapa Chemba, jua la Novemba likiwa utosini. Raundi ya kwanza, suti ya Kaunda. Ya pili, vazi la ubunifu lililoshonwa kwa barua za katazo zilizotenguliwa. Ya tatu, mwendo: ndoo ya lita 20 kichwani, faili kwapani, tabasamu lisikatike, na mkifika mwisho mgeuke taratibu tuwaone na kwa nyuma. Swali: “Ukipewa muhuri, utaisaidiaje jamii?” Majaji ni kina mama wauza ufuta wa Farkwa na Kwa Mtoro; waliokwishapunjwa kwa lumbesa hawadanganyiki na kipimo. Vyeti vyenu vya kuzaliwa vitakaguliwa na mabinti.

Atakayebainika kughushi afungiwe miaka 2. Yeye peke yake.

Wenu watiifu,
Chemba