Utangulizi wa Dramahidrolojia: Ainisho la Maji katika Maisha na Kazi za Ebrahim Hussein

Kaa chini, mwanafunzi wangu, fungua daftari kwenye ukurasa usio na doa la usipa. Somo la leo ni zito kuliko yote utakayokutana nayo upande huu wa kaburi. Nimewahi kulifundisha kwa wavuvi wa Mbamba Bay, ila mitumbwi ilikuwa na haraka na hakuna aliyelimaliza.

Wahakiki wamemchambua Ebrahim Hussein kwa historia, kwa siasa, kwa ushairi, na kwa athari za yule Mjerumani Brecht. Wote wamepita kando ya kisima bila kuchota. Swali la msingi halijaulizwa: mwandishi huyu anatumia maji ya aina gani, kiasi gani, na ndani ya chombo gani? Sayansi inayojibu swali hilo inaitwa dramahidrolojia. Mwanzilishi wake ndiye anayesema nawe.

Andika fasili. Dramahidrolojia ni taaluma ya kimiminiko kinachotajwa, kinachobebwa, kinachonyunyizwa au kinachokanwa jukwaani. Chombo kina tanzu yake, vyombolojia, ambayo sitaigusa leo. Wanafunzi wa mwaka wa kwanza wamewahi kuumia.

Wamarekani, nakiri, walitutangulia kwa maji mengi. Eugene O'Neill wao alikuwa baharia kabla ya kuwa mwandishi wa tamthilia, akajaza jukwaa bahari, na mwaka 1936 akapewa Nobel. Lakini yale ni maji ya chumvi. Huwezi kuyanywa, wala huwezi kumgawia jirani. Mwanadramahidrolojia makini anayasoma siku moja, kisha anarudi kwenye maji baridi.

Sasa maisha ya mtu wetu, ambayo vitabu huyagawa kwa miaka na mimi nayagawa kwa hali tatu za maada. Alizaliwa mwaka 1943 kusini mwa pwani yetu, akasoma Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na akiwa angali mwanafunzi akaandika Wakati Ukuta. Kinjeketile ikatoka mwaka 1969, Mashetani mwaka 1971. Hicho nakiita Kipindi Kimiminika: kazi zinatiririka, nazo zinalowesha. Kisha akaenda Berlin ya Mashariki, Chuo Kikuu cha Humboldt, akahitimu udaktari mwaka 1975 kwa utafiti juu ya maendeleo ya tamthilia Afrika Mashariki. Berlin wakati wa baridi maji huganda. Hicho ni Kipindi Mgando, na sihitaji ushahidi zaidi ya kipimajoto. Aliporudi alitupa Jogoo Kijijini na Ngao ya Jadi mwaka 1976, ambamo mtambaji mmoja anabeba hadithi nzima mdomoni mwake; Arusi mwaka 1980; Kwenye Ukingo wa Thim mwaka 1988. Baada ya hapo akajitenga na makelele ya umma, akakaa kimya Dar es Salaam. Wengine wanaita huo ukimya. Mimi nauita Kipindi Mvuke. Mvuke, mwanafunzi wangu, ni maji yaliyo juu ya vichwa vyetu na hatuyaoni.

Tuingie kwenye ainisho lenyewe.

Aina ya 1: Majikavu. Haya ni maji yasiyolowesha. Simulizi ya vita vya Maji Maji inasema mganga Kinjeketile Ngwale wa Ngarambe alivutwa na roho aitwaye Hongo akazama mtoni, watu wakalia, na siku ya pili akaibuka nguo zake zikiwa kavu. Hussein analichukua tukio hilo na kulijengea tamthilia. Wasomaji wengi hushangaa kwamba mtu alikaa chini ya maji muda wote huo. Hilo ni dogo. Jambo la kushangaza ni ukavu. Mtu aliyeibuka amelowa ni mwogeleaji, na mwogeleaji hafuatwi na mtu. Aliyeibuka mkavu watamfuata hadi mbele ya bunduki.

Aina ya 2: Majichanganyiko. Dawa aliyowapa wafuasi wake ili risasi zisiwadhuru haikuwa maji matupu. Ilikuwa maji, mafuta ya nyonyo na punje za mtama. Niliichanganya mwenyewe, kwa ajili ya sayansi, katika glasi iliyokuwa ya jamu, kwa maji ya Ziwa Nyasa niliyochota mita kumi kutoka ufukweni. Mafuta yalipanda juu yakatanda kama jicho la samaki wa jana. Mtama ulizama, isipokuwa punje nne zilizoning'inia katikati kwa muda wa dakika moja na nusu kabla ya kuamua. Nimeziandikia punje hizo sura nzima. Risasi sikujaribu, balozi wa nyumba kumi alikuwa ameshaniita mara mbili kuhusu ile glasi.

Aina ya 3: Majineno. Hapa weka kalamu chini kwanza, unywe kitu. Majineno ni kimiminiko ambacho ujazo wake hupimwa kwa masikio. Huhitaji ndoo, unahitaji mdomo mmoja na safari. Angalia tarehe. Wajerumani walimnyonga Kinjeketile tarehe 4 Agosti 1905. Vita vilifika kwetu Ungoni baadaye, maji yakaletwa Songea na mganga aliyeitwa Kinjala. Mwenye maji amekufa, maji yanatembea, na kadiri yanavyoenda mbali na mto wa Rufiji ndivyo yanavyozidi kuwa mengi. Hidrolojia ya kawaida haina kanuni ya jambo hilo. Tarehe 27 Februari 1906 Wangoni zaidi ya sitini walinyongwa Songea kwa siku moja, na kila mwaka tarehe hiyo watu hukusanyika pale kwenye makumbusho. Mbele ya mnara wa pale huwa nafunga daftari, nawe funga.

Fungua tena. Hussein alilijua hili kuliko sisi sote. Mwishoni mwa tamthilia, Kinjeketile yuko kifungoni, amepigwa, na Kitunda, mwenzake katika mapambano, anamsihi aseme kwamba maji yalikuwa uongo. Anakataa. Hoja yake ni kwamba akisema hivyo, kesho mkoloni atawaambia watoto wetu kuwa wazee wao walikosea kupigana. Pima hapo ujazo wa maji jukwaani: sifuri. Hakuna hata tone. Na bado ndipo penye mafuriko kuliko mahali pengine pote katika kitabu. Majineno yaliyokataliwa kukanwa nayaita Majikatalio, na ukikosea kuyatofautisha na Majikanwa, yaani yale yaliyokanwa, utafeli mtihani wangu, tena kwa haki.

Kwa upande wa pili wa kipimo tunalo tukio la Liuli, bandari yetu ambayo Wajerumani waliiita Sphinxhafen. Agosti 1914 meli yao, Hermann von Wissmann, ilikuwa imepandishwa nchi kavu kwa matengenezo. Meli ya Waingereza, Gwendolen, ikaja ikaipiga mizinga. Nahodha Mjerumani, Berndt, alimfahamu vizuri nahodha Mwingereza, Rhoades. Akapanda kimashua akamfuata kumfokea, maana habari ya kutangazwa kwa vita Ulaya ilikuwa haijamfikia. Tazama uzuri wa kisayansi. Songea neno lilitangulia bunduki. Liuli mzinga ulitangulia neno. Mchezaji mmoja yuko katikati ya tamthilia, mwenzake anadhani bado ni mazoezi. Nimependekeza tukio hili liitwe Majineno Chelewa. Pendekezo nilituma kwa barua, na barua yenyewe, naona, imechelewa.

Aina ya 4: Majifiche. Haya hayaonekani, lakini chombo chake kinaonekana. Katika Mashetani, Juma na Kitaru wanaigiza chini ya mbuyu, mmoja shetani, mwingine binadamu. Wahakiki wanahangaika na shetani. Mimi nawauliza: mbuyu una nini ndani? Shina la mbuyu ni tangi. Vijana wawili wa matabaka mawili wanagombana wakiegemea tangi, hakuna anayefungua bomba.

Wenyeji wa Mbinga hawahitaji kuelezwa aina hii. Panda milima ya Umatengo utazame ngoro. Mwanamume anafyeka nyasi, anazilaza kwa mistari inayokatana hadi mlima mzima unaonekana kama daftari la hesabu. Mwanamke anakuja na jembe, anachimba udongo katikati ya kila mraba na kuufunikia zile nyasi. Yanabaki mashimo, na kuzunguka kila shimo tuta. Kwenye tuta maharage, au mahindi, kwa zamu. Mvua ikinyesha, maji hayateremki na udongo wala hayakimbilii ziwani. Yanatulia shimoni, tone kwa tone. Nimesimama juu ya mteremko ambao mbuzi anaufikiria mara mbili, nikahesabu mashimo mia tatu na kumi na mawili kabla mwenye shamba hajaniuliza natafuta nini. Nikamjibu: Ebrahim Hussein. Akasema huyo hakai huku, labda nijaribu ng'ambo ya mto.

Aina ya 5: Majijukwaa. Hii ndiyo aina pekee inayoweza kumwagika, kwa hiyo ndiyo iliyodharauliwa zaidi. Miaka kadhaa iliyopita shule moja ya ufukweni, ambayo sitaitaja, iliigiza Kinjeketile siku ya mahafali. Mimi nilikuwa mshauri wa kitaalamu, cheo nilichojipa kwa kufika mapema. Mjadala wa chombo ulichukua siku tatu. Mwalimu alitaka kibuyu. Kibuyu kilikuwa kimoja, nacho kilikuwa na pombe ya mzee mmoja ambaye hakuona sababu ya kukimwaga kwa ajili ya fasihi. Tukaishia kwenye ndoo ya plastiki ya lita ishirini, ya bluu, ambayo ilikuwa ya rangi. Maandishi ya kampuni tuliyafunika kwa majani ya mgomba.

Maji yalichotwa ziwani saa tisa alasiri. Kijana aliyecheza mganga alikuwa wa kidato cha tatu, mwembamba, sauti yake ilikuwa bado haijaamua. Alipofika mahali pa kunyunyiza alisahau maagizo yangu, yaliyokuwa kurasa kumi na moja, akachovya tawi na kuwanyunyizia watazamaji badala ya askari wa mchezo. Safu ya mbele ililowa yote: mgeni rasmi, mwenyekiti wa kijiji, daftari langu. Nilitegemea fujo. Hakuna aliyejifuta. Mwenyekiti aliacha matone yakauke usoni kwake mwenyewe, na alikuwa amevaa koti.

Halafu kikatokea kile ninachokiita Hitilafu ya Chupa. Mchezo umekwisha, watoto wanakimbilia wali, bibi mmoja akaja nyuma ya jukwaa na chupa tupu ya mafuta ya alizeti. Akamwamkia mwalimu, akaomba ajaziwe kidogo. Mwalimu akamweleza kwa heshima: "Bibi, haya ni maji ya ziwa tu. Yamechotwa pale." Akamwonyesha kwa kidole, na ziwa lenyewe lilikuwa pale pale, hatua themanini, na si ajabu bibi alikuwa ameoga humo asubuhi. "Najua, mwanangu," akasema bibi, "nilimwona aliyechota." Na chupa akaendelea kuinyoosha.

Nimelifanyia kazi tukio hili tangu siku ile. Nadharia ya kwanza, kwamba bibi hakuelewa kuwa ni mchezo, niliitupa kwa sababu alikuwa amecheka mahali panapostahili. Nadharia ya pili ilihusu bei ya chupa. Ya tatu bado naiandika. Ndoo ilianza na lita ishirini. Baada ya mnyunyizo zilibaki kumi na tano. Baada ya bibi kumi na nne na nusu. Na baada ya watu wengine waliopanga foleni nyuma yake, nilipoinamisha rula ndani ya ndoo, haikulowa.

Zoezi la nyumbani. Chota ndoo moja ziwani jioni, uibebe hadi kwako bila kumwambia mtu ni ya nini, lakini tembea kama mtu anayejua. Andika idadi ya watakaokuuliza. Nilipofanya mimi, kutoka ufukweni hadi mlangoni kwangu, waliuliza saba. Wa nane, mwanamume niliyemwona kwa mara ya kwanza, hakuuliza chochote. Aliweka baiskeli chini, akakinga viganja.