Beseni la Ulezi

Ndugu yangu uliyeoa, wewe na mimi tutaelewana. Ambaye bado hajaoa asome taratibu, na akifika mahali asipoelewa aruke tu, siku yake itafika.

Mambo yote yalianzia kwenye kitambaa cha kupimia presha. Muuguzi alinifunga mkononi, akapuliza, akatazama, akapuliza tena, halafu badala ya kuniambia mimi mwenye mkono akamgeukia mke wangu. Wakanong'ona wao wawili huku wakitikisa vichwa, nami nimekaa pale nikisubiri kusikia habari za damu yangu mwenyewe. Tulipofika nyumbani Makomeno, hapa Lubumbashi, tayari tulikuwa na Waziri wa Afya. Mpaka leo hajajiuzulu.

Waziri hakukawia kutangaza mpango wake. Kwetu Jumapili asubuhi ilikuwa na desturi yake: vitumbula vya ngano vilivyotoka kuogelea kwenye mafuta, na chai ambayo sukari yake haikuhitaji chai. Basi, alisema, hayo yamekwisha, sasa tutakula krepe, yaani chapati za maji. Nilifurahi. Furaha ilidumu mpaka alipoanza kutaja vitu vya kutia: unga wa ulezi na wa mtama, tena usiochekechwa, karoti za kukwaruza, mchicha tunaouita lengalenga, kitunguu. Mafuta ni ya kupaka tu kikaangoni. Sukari, hapana.

"Na jamu?" aliuliza Doane.

Doane ni kitinda mimba wetu. Jina alilopewa kanisani analo, lakini hakuna mfuko unaopita mlango wetu bila yeye kuufungua, kuukagua na kuukata ushuru, ndiyo maana tukamwita hivyo. Aliambiwa jamu hakuna. Akauliza asali. Akaambiwa asali nayo hakuna. Alilia kilio cha mtu aliyefiwa, na kusema kweli nilitamani kumsindikiza.

Upinzani wa kweli, hata hivyo, ulitoka kwenye kiti cha karibu na dirisha, anapokaa Seneta. Huyo ni mama mkwe wangu. Alikuja kutusaidia siku chache Profesa, binti yetu mkubwa, alipozaliwa; Profesa sasa anasoma kemia sekondari. Muhula wa Seneta hauna mwisho na hakuna anayethubutu kuitisha uchaguzi.

"Unga mweusi?" alisema Seneta. "Mu nyumba ya mutoto yangu? Juu ya nini, tumekosa nini?"

Hapa lazima nitoke njiani kidogo, maana bila hivyo utamwona mama wa watu ni mkaidi bure. Mji wetu ulianzishwa mwaka 1910, na kampuni ya madini ya Union Minière ikakusanya watu kutoka kila upande waje kuchimba shaba, ikawalisha kwa posho, na katika posho mfalme alikuwa unga wa mahindi, mwingi wake ukitoka ng'ambo, Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia. Watu waliozaliwa na bukari, yaani ugali, ya muhogo, ya mtama, ya ulezi, wakajikuta wote wamekuwa watu wa bukari ya mahindi. Na mpaka leo malori ya unga kutoka mpakani Kasumbalesa yakipita, mji unapumua. Agosti 2024, Zambia ilipofunga mpaka kwa siku chache kwa sababu ya ugomvi wa bia na vinywaji baridi, Waziri alikuwa ananituma sokoni kuulizia bei ya meka ya unga kama mtu anayeulizia hali ya mgonjwa.

Basi katika mji huu unga ukizidi weupe ndivyo heshima ya nyumba inavyozidi. Pumba wanapewa nguruwe. Na Seneta anayajua mapumba kwa jina: aliyala miaka ya 1990, migodi ilipozama na mishahara ya wachimbaji ikawa hadithi ya kulazia watoto. Hakuyala kwa ajili ya presha. Kwake yeye, mtu anayetoa pesa mfukoni kununua kile ambacho wengine walikila kwa kukosa pesa, huyo ni wa kuombewa, na kweli jioni ile aliniombea kwa sauti, akinitaja jina.

Jumamosi nikatumwa kwenye mashine ya kusaga, Doane akiwa msaidizi. Kabla ya hapo Profesa alikuwa amekesha na ulezi kwenye mabeseni. Kama hujawahi kuosha ulezi, shukuru. Punje ni ndogo, nyekundu ya kuiva, zinateleza kati ya vidole, na mchanga uliochanganyika nao ni wa rangi ileile na ukubwa uleule. Unatia maji, unazungusha, unamimina punje pamoja na maji kwenye beseni la pili upesi, mchanga unabaki chini, unarudia, na kila ukidhani umemaliza, unaonja punje moja na jino linakwambia bado.

Kijana wa mashine alifungua ndoo, akachota kwa kiganja, akanusa, akaniangalia kwa heshima mpya.

"Papa, munapika lini?"

Watu wengi hapa wanaujua ulezi kupitia pombe. Nikamwambia hatupiki chochote, ni unga wa krepe. Alicheka mpaka akashika mashine, kisha akanikonyeza kwamba siri iko salama kwake. Nyuma yetu mama mmoja akamwinamia Doane, akamwuliza ulezi huu wote ni wa nani. "Ya Papa," alisema Doane bila kusita. "Ni dawa yake." Foleni nzima ikaangua kicheko, na mimi nikajua kwamba habari itafika Makomeno kabla yangu.

Usiku Waziri alichanganya unga wa aina zote mbili, maji ya uvuguvugu na hamira, ile tunayoiita levire. Alikuwa ameona kwenye simu kwamba unga wa namna hii ukilala usiku kucha unakuwa mwororo. Lakini yule wa kwenye simu haishi Lubumbashi mwezi wa saba. Walio mbali hudhani Kongo yote ni joto. Sisi tuko mita 1,200 hivi juu ya bahari, na usiku wa kiangazi unalala na soksi. Saa nne ya usiku beseni lilikuwa limenyamaza, hata povu moja hakuna. Waziri akalihamishia jiko la nje, kando ya mbabula ambayo bado ilikuwa na makaa. Akalifunika kwa sufuria, akaenda kulala akiwa na amani.

Seneta huamka gizani kusali. Alfajiri hiyo sala haikufika mbali.

Beseni lilikuwa limeinua sufuria, limeshuka pande zote, limetambaa sakafuni hadi mlangoni, rangi ya tope la mvua. Na harufu! Ya uchachu, ya chachu, nzito, ile harufu ya pombe ya kibuku kabisa. Seneta hanywi. Hata munkoyo, kinywaji cha mahindi, ikilala siku moja anaikataa. Alisimama mlangoni na leso puani, akatuita wote kwa majina kamili, jambo ambalo kwetu hufanyika kwenye misiba tu, akauliza nyumba hii imeanza biashara hii lini na kwa ruhusa ya nani.

Waziri alikuwa bado anajitetea kijiko mkononi, lango lilipogongwa. Ni shemeki wangu, mdogo wa Waziri, ambaye tunamwita Saa Sita kwa sababu ya saa anayopenda kutusalimia. Leo amefika saa mbili asubuhi, shati limepigwa pasi, pamoja na rafiki zake, nao wamepiga pasi.

"Yaya," alimwambia dada yake kwa unyenyekevu, "banasema muko na kibuku."

Seneta alifumba macho. Wageni wakaenda kukaa chini ya mwembe, wakisema hawana haraka.

Umeme, bila shaka, ulikuwa umeondoka. Delestaji haijui Jumapili. Tukawasha mbabula. Krepe ya kwanza Waziri aliimimina mwenyewe, uso umekaza. Pembeni ikakauka, katikati ikabaki uji. Alipoingiza mwiko chini kuigeuza ikamegeka vipande, lengalenga likatoa maji yake yote, mafuta yakaruka, Doane akaruka, na kilichobaki kikaangoni hakikuwa na jina. Ya pili ikashika kikaango na kukataa kuachia. Ya tatu sitaieleza, kwa heshima ya Waziri.

Profesa akaona ni wakati wa somo. Ngano, alitueleza, ina gluteni, ndiyo inayovutika na kushikanisha unga. Ulezi hauna, mtama hauna, kwa hiyo mama asitegemee vishikane vyenyewe. Lakini ulezi, aliendelea bila kuulizwa, una kalsiamu ya miligramu 340 hivi katika gramu 100, mahindi meupe hayaoni hata vumbi lake. Nikamwambia kalsiamu hiyo kwa sasa iko sakafuni. Kuku walikuwa wameshaifikia. Walikula kwa bidii, wakapigana.

"Munaona?" alisema Seneta. "Kuku banajua chakula yabo."

Waziri aliweka mwiko chini. Ndugu yangu, nimeishi na mwanamke huyu vya kutosha kujua tofauti ya mwiko uliowekwa na mwiko uliotupwa, na huu ulikuwa unakaribia kutupwa. Nadhani Seneta naye aliliona hilo. Aliinuka kitini, akafunga kitenge chake upya kiunoni, akatoka nje bila kusema neno. Seneta kunyamaza ni jambo la kutisha.

Nilikuwa nimesahau jambo ambalo Waziri hawezi kulisahau. Miaka ile ya mapumba, mama huyu alikaanga vitumbula mbele ya lango kila alfajiri, na ndivyo vilivyomlipia Waziri shule. Mikono yake inajua unga. Alitia kidole ndani ya beseni, akalamba, akakunja uso. Akaagiza bikabonati, akatia kidogo kwa ncha ya kisu. Uchachu ukakutana nayo na unga wote ukachemka mapovu madogo. Akapasua mayai. Vilikuwepo viazi vitamu vya jana, vya rangi ya chungwa; akavimenya, akaviponda kwa ngumi, akavichanganya ili vishike pale ambapo gluteni ya Profesa haipo. Lengalenga alilikusanya kiganjani, akalikamua mpaka maji ya kijani yakaacha kudondoka. Halafu akaondoa nusu ya makaa.

"Munapikaka na haraka sana," alisema.

Alimimina kidogo kidogo, upana wa kiganja. Akafunika na sahani, akakaa. Waziri akanyoosha mkono kugeuza, akapigwa kofi dogo la vidole. Mapovu yalitokea juu, yakapasuka, yakaacha vitundu vilivyokauka, ndipo Seneta akageuza. Kahawia, duara, imepigwa madoa ya karoti na ya kijani, nzima.

"Nani alikufundisha?" aliuliza Profesa, daftari mkononi.

"Njaa," alisema Seneta. "Leta sahani."

Harufu mpya ilifika chini ya mwembe. Saa Sita akaja kuchungulia, nyuma yake marafiki, nyuma yao jirani aliyesema anatafuta mbuzi wake, ingawa mbuzi hajawahi kuwa naye. Wakaulizia kibuku wakaambiwa hakuna. Wakaulizia hivyo vilivyo kwenye sahani. Nilitegemea Seneta awafukuze. Alihesabu krepe, akawahesabu watu, macho yake yakang'aa mng'ao wa zamani.

"Faranga mia tano moja."

"Mama, mimi ni mutoto yako!" alilalamika Saa Sita.

"Basi lipa wa kwanza, bengine baone mufano."

Walilipa. Wakarudia. Waziri, ambaye saa moja kabla alikuwa karibu kulia, sasa alikuwa anaeleza wageni habari za kalsiamu huku akipanga Jumapili ijayo: beseni kubwa zaidi, na mimi mashineni mapema. Kwa upande wangu, Wizara iliniruhusu krepe mbili bila chumvi ya ziada. Zilikuwa tamu, nitasema nini. Nikanyoosha mkono kuchukua ya tatu, mkono ukazuiliwa: hizo ni za wateja. Nikasema basi mimi ni mteja. Wakanielekeza kwa Doane, aliyewekwa mlangoni kupokea pesa, mfuko wa kaptula umeshavimba. Nikampa noti ya faranga elfu moja, nikaomba anirudishie mia tano.

Aliikagua noti mbele, akaikagua nyuma, akaitia mfukoni na kuniambia biro ya ushuru imefunga.