Similar: Sifa za Neno Lisilokamatika

"Similar" ni kivumishi cha Kiingereza kinachosema kwamba vitu viwili au zaidi vinafanana, ila si kitu kimoja. Katika ukoo mzima wa maneno ya kufanana, ndilo linalolaumiwa kuliko yote. Wahariri huliona vivu, mawakili huliona tata, wateja huliona laghai, na walimu wa Kiingereza hulisahihisha kwa kalamu nyekundu kila muhula. Lawama zote hizo ni za kweli. Hata hivyo, kila moja ikipimwa vizuri hugeuka sifa, kwa kuwa neno hili limekubali kubeba kazi ambazo wenzake wenye msimamo walizikataa.

Nasaba yake ni ya heshima. Asili ni neno la Kilatini "similis", lililopita Ufaransa likawa "similaire" na kuingia Kiingereza mwanzoni mwa karne ya 17. Lilipofika, lilikuta kazi ya kufananisha ikifanywa na wenyeji wawili, "like" na "alike", na wala halikuwafukuza. Lilijitafutia nafasi kando yao, kama mgeni mwenye adabu. Jamaa zake wa damu wana sifa za kutiliwa shaka. "Simulate" ni kujifanya. "Assimilate" ni kummeza mwingine hadi afanane na aliyemmeza. "Facsimile" ni nakala iliyochapwa ifanane na asili kwa kila hali, na ndiyo iliyokatwa ikabaki faksi, mashine iliyotawala maofisi kwa miaka mingi. Mbali zaidi katika shina, mzizi wenye maana ya "moja" ndio uliozaa pia "same", yaani ileile. Katika ukoo wenye mwigaji, mmezaji na mnakili, mtoto anayesema tu kwamba "tunafanana", bila kudai zaidi, ndiye mkweli wa familia.

Maana yake ya kawaida ina masharti matatu. La kwanza ni kuwepo kwa vitu viwili au zaidi, kwa sababu kitu hakifanani na nafsi yake katika mazungumzo ya kila siku. La pili ni kuwepo kwa tofauti. Msemaji wa Kiingereza akisema kwamba pete hii ni "similar" na ile iliyoibwa, msikilizaji huelewa mara moja kwamba siyo ile, au angalau kwamba msemaji hayuko tayari kuapa kuwa ndiyo. Hapo ndipo neno linapomwokoa shahidi mahakamani. Akionyeshwa panga lenye mpini uliofungwa kwa mpira na kuulizwa kama ndilo aliloliona usiku ule, neno "same" linaweza kumtia mashakani pindi wakili wa upande wa pili atakapouliza alilitambuaje gizani. "Similar" humruhusu kusema alichokiona, asiseme asichokijua, na kushuka kizimbani salama.

Sharti la tatu ndilo chanzo cha matata yote: lazima kuwe na jambo ambalo vitu vinafanana kwalo, na neno halilazimishi litajwe. Nyumba mbili zinaweza kufanana kwa paa, kwa kodi, kwa idadi ya vyumba au kwa ubovu wa choo. Kiingereza kimetenga mahali maalumu pa kulitaja jambo hilo, kwa kutumia "in": "similar in size" kwa ukubwa, "similar in colour" kwa rangi. Lakini mahali hapo pakiachwa tupu, sentensi husimama vilevile bila kuyumba. Dalali huipenda sana nafasi hiyo tupu.

Mwanafalsafa wa Marekani Nelson Goodman aliishambulia nafasi hiyo mwanzoni mwa miaka ya 1970, katika makala yenye hoja saba dhidi ya dhana ya kufanana. Mfano wake mmoja ulitoka uwanja wa ndege. Mbele ya rundo la mizigo, mtazamaji huona masanduku yanayofanana kwa umbo, ukubwa na rangi. Rubani hujali uzito. Abiria hujali mwenye mzigo na mahali unakokwenda. Masanduku ni yaleyale, ila makundi hubadilika kulingana na anayetazama na haja yake. Goodman aliona kwamba kusema vitu vinafanana, bila kusema kwa lipi, ni karibu na kutosema kitu, kwa kuwa vitu vyovyote viwili havikosi jambo moja vinalolingana kwalo. Hoja hiyo haijajibiwa kikamilifu, lakini watetezi wa "similar" wanaweza kuipokea kwa furaha: ni neno gani jingine linaloweza kutamkwa juu ya vitu vyovyote viwili duniani bila msemaji kuambiwa amesema uongo?

Katika sarufi, neno hili lina tabia nyepesi. Husimama mbele ya nomino, "a similar house", na pia baada ya kitenzi, "the houses are similar". "Alike" imeshindwa kazi ya kwanza, kwani hakuna Mwingereza asemaye "an alike house". "Similar" hukubali kupandishwa na kushushwa daraja: "very similar", "more similar", "vaguely similar". Hukubali "a", wakati "same" hudai "the" karibu kila mara kama mzee anayedai kiti chake. Umbo lake la kielezi ni "similarly", na nomino yake ni "similarity".

Kihusishi cha kutaja kile kinachofananishwa nacho ni kimoja tu, "to", na hapo ndipo kalamu nyekundu inapopata riziki. Mzungumzaji wa Kiswahili amezoea kusema kitu kinafanana "na" kingine, na "na" hiyo inapovuka mpaka huwa "with". Matokeo yake ni "similar with", kosa linalokutwa katika madaftari kutoka Mombasa hadi Mbeya. Wengine huandika "similar as" kwa kuiga "the same as", na wengine huongeza herufi wakapata "similiar", wakivutwa na sauti ya "familiar". Jambo la kustaajabisha ni kwamba hakuna aliyewahi kupotoshwa na makosa haya. Mwanafunzi anayeandika kwamba begi lake ni "similar with" la mwenzake hueleweka na kila msomaji, akiwemo mwalimu anayemkata alama.

Wapinzani wa "similar" katika uwanja wa kufananisha ni wengi, na kila mmoja ana udhaifu. "Identical" hudai mfanano wa shilingi kwa ya pili. Kasoro moja ikionekana, msemaji ameaibika. "Equal" hupenda vipimo na idadi, na humezwa haraka na siasa za haki. "Comparable" huelekea kwenye thamani na kiwango, ndiyo maana hupendwa na wanaojadili mishahara. "Analogous" huhusu vitu vyenye kazi au mpangilio unaolingana hata kama sura ni tofauti, kama bawa la ndege na bawa la nzi, na huvaa suti hata sokoni. "Like" ni changamfu mno: ni kihusishi, ni kiunganishi, ni kitenzi cha kupenda, na katika vinywa vya vijana ni kikohozi cha katikati ya sentensi. "Similar" peke yake hufanya kazi moja na kurudi nyumbani.

Mahali pekee ambapo neno hili limefungwa kamba ni katika hisabati. Kitabu cha sita cha Elements cha Euclid kinaeleza kwamba maumbo ya mistari nyoofu yenye pembe sawa, na pande zenye uwiano sawa kuzizunguka pembe hizo, ndiyo yanayofanana. Kwa kanuni hiyo miraba yote inafanana, lakini mistatili haina uhakika. Mstatili wa sentimita 2 kwa 4 unafanana na wa 3 kwa 6, kwani katika yote miwili urefu ni mara mbili ya upana. Haufanani na wa 3 kwa 5, ingawa mtu yeyote barabarani angesema yote ni mistatili tu, basi inafanana. Hisabati imefuta pia sharti la tofauti: maumbo yaliyo sawa kabisa huhesabiwa nayo kuwa "similar". Mwanafunzi wa Kidato cha Pili nchini Tanzania, aliyesoma hesabu kwa Kiswahili katika shule ya msingi, hukutana na neno hili kwa Kiingereza na kwa maana hiyo ya sheria kali.

Likiwa kifungoni, neno hili linafanya maajabu. Waandishi wa kale wanasimulia kwamba Thales wa Miletus alipima kimo cha piramidi huko Misri kwa kutumia kivuli. Njia hiyo bado inafanya kazi kwa mnazi wowote. Kijiti cha mita 1 kikisimamishwa wima kikatoa kivuli cha mita 1.5, na wakati huohuo mnazi ukatoa kivuli cha mita 12, pembetatu mbili zinazofanana zimepatikana, na mnazi una kimo cha mita 8. Hakuna aliyepanda. Wasifiaji wa "similar" hawana budi kukiri, kwa uchungu kidogo, kwamba muujiza huu unapatikana kwa sababu hapa lile jambo la kufanana limetajwa.

Galileo naye, katika kitabu chake cha mwaka 1638 kuhusu sayansi mbili mpya, alionyesha mahali ambapo mfanano wa umbo husaliti. Mnyama akikuzwa mara mbili kila upande huku umbo likibaki lilelile, uzito wake huwa mara 8, lakini eneo la mkato wa mfupa wake huwa mara 4 tu. Kwa hiyo jitu lenye umbo la binadamu kwa uwiano kamili lingevunjika miguu kwa uzito wake lenyewe. Limefanana kwa sura, limeshindwa kwa nguvu.

Sheria imelipokea neno hili kwa mikono miwili, kwa kuwa mwigaji mwenye akili haigi kila kitu. Hubadilisha herufi moja ya jina, huongeza mstari kwenye nembo, na kungoja. Sheria ingekataza nakala kamili peke yake, angepita katikati ya mlango. Ndiyo sababu Mkataba wa TRIPS kuhusu haki miliki wa mwaka 1994, unaozihusu Kenya, Uganda na Tanzania kama wanachama wa Shirika la Biashara Duniani, unamlinda mwenye alama ya biashara iliyosajiliwa dhidi ya alama zilizo sawa au zinazofanana na yake, zikitumika kwa bidhaa za aina moja au zinazofanana, pale mnunuzi anapoweza kuchanganyikiwa. Mfanano umetajwa mara mbili katika kanuni moja: wa alama na wa bidhaa. Ni kiasi gani cha mfanano kinatosha, hilo mawakili hulijadili kwa malipo ya saa.

Sinema nayo ililiajiri neno hili kuwa mlinzi wa lango. Mwaka 1932 kampuni ya MGM ilitoa filamu kuhusu Rasputin, mtu wa karibu wa familia ya mwisho ya kifalme ya Urusi. Princess Irina Youssoupoff, mke wa mmoja wa waliomuua Rasputin, aliona kwamba mhusika mmoja wa kike aliyedhalilishwa humo ni yeye. Alishtaki London na mwaka 1934 akashinda, akalipwa fidia ya pauni 25,000. Baada ya hapo tangazo la kwamba mfanano wowote na watu halisi ni wa bahati tu likawa desturi ya filamu. Neno lililotumiwa kukiri mfanano sasa lilitumiwa kuukana, na likafanya kazi zote mbili bila kulalamika.

Katika dawa, unyenyekevu wake umekuwa usahihi. Kidonge cha kemikali rahisi kinaweza kunakiliwa molekuli kwa molekuli, na nakala hiyo huwa na kiambato kilekile. Dawa zinazotengenezwa ndani ya chembe hai, kama homoni na kingamwili, ni protini kubwa ambazo hata mtengenezaji wa kwanza hawezi kuzirudia bila tofauti ndogondogo. Kudai nakala kamili kungekuwa uongo, kwa hiyo dawa hizo zikaitwa "biosimilar". Umoja wa Ulaya uliidhinisha ya kwanza mwaka 2006, homoni ya ukuaji, na Marekani ikafuata mwaka 2015. Kampuni hulazimika kuonyesha kwamba hakuna tofauti yenye maana katika usalama na katika nguvu ya kutibu. Hapa pia jambo la kufanana limetajwa, na mgonjwa amepata nafuu ya bei.

Kilele cha ufasaha wa neno hili, hata hivyo, kiko kwenye kaunta za kukodisha magari, katika maneno mawili: "or similar". Mteja huona picha ya gari jekundu linalong'aa, na chini yake maneno hayo kwa herufi ndogo. Alichokodi si gari la pichani, ni kundi lake. Kampuni nyingi hutumia herufi nne za mfumo wa ACRISS: ECMR, kwa mfano, ni gari la daraja la bei nafuu, la milango miwili au minne, la gia za mkono, lenye kiyoyozi. Rangi haimo, chapa haimo, na redio haimo. Mteja anayekabidhiwa gari jeupe la kampuni nyingine huku picha mkononi hana kesi, kwa sababu herufi zote nne zimetimia. Matangazo ya kazi nayo yamejifunza mtindo huo: shahada fulani "or similar" humpa mwajiri uhuru wa kumwita amtakaye na kumwacha amtakaye.

Kanuni ya matumizi, basi, ni fupi. Anayetaka kueleweka aandike "similar to", kisha ajaze nafasi ya "in": kwa ukubwa, kwa kazi, kwa bei, kwa uwiano wa pande. Anayesoma mkataba aitafute nafasi hiyo kabla ya kutia sahihi, na akiikuta tupu aulize kwa lipi. Na asiyetaka kubanwa na yeyote aiache ilivyo, kwani Kiingereza hakina neno jingine litakalomfichia siri kwa uaminifu kiasi hicho.