Ukoo Bila Kikao

Wapendwa wa Kibosho,

Bado nipo hapa Quincy, kusini kidogo mwa Boston, nabeba boksi langu kama kawaida, ingawa boksi lenyewe ni bibi wa miaka tisini katika nyumba ya wazee, anayetaka chai ya moto kuliko kanuni za hapa zinavyoruhusu.

Hii ni barua ya jibu. Mdogo wangu na wifi wamenitumia ujumbe wa sauti mrefu kuliko mahubiri ya Kwaresima. Kwa kifupi: mtoto ni wa kiume, anatarajiwa Desemba, na wazazi wameshaona majina kwenye filamu. Wanachagua kati ya Cameron, Logan na Brody. Wifi akamalizia hivi: "Wewe unaishi na wenye majina. Tuambie maana yake, Padre asije akatuuliza tukabaki tunaangaliana." Kwa kuwa mimi ndiye shangazi wa huyo kiumbe, na shangazi haombwi ushauri mara mbili, nimefanya uchunguzi. Someni kwa sauti, Bibi asikie.

Kwanza mjue kwamba hayo matatu si majina ya watu. Ni majina ya koo na ya mahali, ya Waskoti na Waairishi, ambayo Wamarekani wameyatoa mwisho wa jina wakayaleta mwanzo. Kazini kwangu nayaona yakipinduka kila Jumapili. Wazee wa korido yangu wengi wana asili ya Ireland. Jina la kwanza ni Mary, Margaret, Patrick au John, na la ukoo ni Sullivan, Kelly, Brennan, Quinn au Riley. Jumapili vitukuu wanakuja kusalimia. Sullivan ni katoto ka miaka minne kanakosukuma kiti cha magurudumu ambacho bado kina mtu. Quinn ni dada yake. Riley ni binamu yao, na mpaka leo sijajua kama ni wa kiume au wa kike. Majina yao ya ukoo sasa ni ya Kiitaliano na Kipolandi. Juzi mama mmoja aliita kwa ukali, "Sullivan, shuka hapo!" Bibi yangu wa chai akaacha kikombe, akajibu kwa heshima kabisa: "Sijapanda popote. Sullivan ni mimi."

Sasa leteni mambo hayo nyumbani. Mtoto anaitwa Massawe Temu. Unasimama katikati ya soko la Kiboriloni unaita, "Massawe, njoo uvae suruali!" Watakuja wanaume kumi na wawili, wote wamevaa, wote wamekasirika, na mmoja wao ni mwenyekiti wa kijiji.

Tuingie kwenye maana. Wazee wa Kigaeli, lugha ya kale ya Ireland na nyanda za juu za Uskoti, walikuwa na utaratibu ambao mtu wa Tanga au Lamu angeuelewa bila mkalimani. Mac ni bin. Ó ni mjukuu wa. Mackenzie ni mwana wa Coinneach, ambaye Waingereza wanamwita Kenneth. O'Brien ni uzao wa Brian Boru, mfalme wa Ireland aliyeuawa kwenye vita vya Clontarf mwaka 1014. Mwanamke hawi Mac. Kwa Kigaeli anaandikwa Nic au Ní, kwa sababu yeye ni binti, na wazee wale hawakutaka kuchanganya mambo. Wamarekani hawakusubiri maelezo hayo. Hapa Mackenzie na McKenna ni majina ya wasichana. Mtu amejifungua binti, kamfunga utepe wa waridi, kambatiza Bin Saidi. (Na kwa jirani zetu wa Kenya jina Mackenzie limebeba msiba wa Shakahola wa mwaka 2023, kwa hiyo hilo tusilijadili hata kidogo.)

Cameron, mnaloliona kwenye filamu likiwa na suti, lilianza kama jina la utani. Cam ni kupinda, sròn ni pua. Wifi, unataka kumbatiza mwanao Pua Iliyopinda kabla hatujaiona pua yenyewe. Campbell ni ndugu yake: huyo ni mdomo uliopinda. Kennedy limeanza na ceann, yaani kichwa. Kipande cha pili kina mabishano: wengine wanasema kofia ya vita, wengine wanasema ubaya wa sura. Akina Kennedy wenyewe, kama mnavyoweza kubahatisha, wako upande wa kofia.

Majina mengine ni ya ardhi. Logan ni kabonde. Douglas ni maji meusi. Brody limetoka mahali panapoitwa Brodie, kaskazini mwa Uskoti, na maana yake inayotajwa zaidi ni mtaro. Kwa hiyo mwenye watoto watatu, Logan, Brody na Douglas, amekamilisha mfongo wa kumwagilia migomba. Amebakiza zamu ya maji tu.

Mdogo wangu atasema Cameron ni jina la kishujaa. Ni kweli, na pua hiyo imewahi kupita kwetu. Verney Lovett Cameron aliondoka Bagamoyo mwaka 1873 kwenda kumtafuta Livingstone. Akiwa Unyanyembe, karibu na Tabora, akakutana na Chuma na Susi, watumishi wa Livingstone, wakiurudisha mwili wake pwani. Safari ikawa imekosa sababu, yeye akaendelea tu kwa miguu, akatokea Angola mwaka 1875. Pua ikiwa imepinda au haikupinda, mwenyewe alinyoosha.

Tatizo langu na Cameron ni Bibi. Bibi hatasema Cameron hata alipwe. Atasema Kameruni, kama redio ilivyomzoesha tangu Kombe la Dunia la mwaka 1990, Roger Milla alipokuwa na miaka 38 akawafikisha wenzake robo fainali na kucheza kwenye kibendera cha kona. Shuleni mtoto ataitwa Milla. Akikosa penalti ataulizwa kama amestaafu.

Nikajiuliza, watu wa huku wameona nini kwenye majina haya? Jibu la kwanza nimelikuta mjini kwangu. Quincy umeitwa hivyo kwa heshima ya Kanali John Quincy. Mwaka 1767 mjukuu wake, Abigail Adams, alijifungua mtoto wa kiume huku mzee akiwa kitandani anakata roho. Mama yake Abigail akaomba mtoto apewe jina la mzee. Ndivyo alivyopatikana John Quincy Adams, rais wa sita wa Marekani. Quincy si jina la Kikelti, lilitoka Ufaransa na Wanormani, lakini desturi ni hiyohiyo waliyokuwa nayo Waskoti: mwanamke anaolewa, jina la kwao linapotea, basi analiokoa kwa kulibandika kwa mtoto. Hilo sisi hatuhitaji kufundishwa. Kwetu mtoto wa kwanza wa kiume ni wa upande wa baba, wa pili ni wa upande wa mama, na anayeruka zamu ataulizwa kikaoni.

Lakini akina Logan wa leo hawaokoi jina la mama yeyote. Niliwauliza wenzangu kazini. Mmoja alisema jina linasikika imara. Mwingine alisema linafaa jinsia zote, kwa hiyo alichora ukuta wa chumba kabla ya vipimo. Wa tatu alisema, akiwa ameshika moyo, "Linanipa mizizi." Nikamuuliza mizizi hiyo iko wapi. Akasema hajawahi kufika.

Hapo ndipo nilipowaelewa. Hawa wanataka ukoo, ila ukoo usiwe na kikao. Fikirieni kazi ya jina Massawe au Mushi. Linakuja na mchango wa harusi, mchango wa msiba, nauli ya Desemba, mbege ya wazee, na kesi ya mpaka wa kihamba iliyoanza kabla ya Uhuru. Anayeitwa Logan hajawahi kupigiwa simu saa tisa usiku kutoka Uskoti akaambiwa paa la Baba Mkubwa limeng'oka. Amepata bendera, ngoma na kitambaa cha mirabamiraba, na hakuna mweka hazina anayemdai.

Wenye majina walilipa, na walilipa sana. Mwaka 1603 jina MacGregor lilipigwa marufuku Uskoti. Aliyeendelea kujiita hivyo aliweza kuuawa, na marufuku hiyo haikufutwa kabisa mpaka mwaka 1774. Mwaka 1692, kwenye bonde la Glencoe, askari wakiongozwa na mtu wa ukoo wa Campbell walipokewa na akina MacDonald, wakalishwa na kulazwa karibu wiki mbili, kisha alfajiri wakawageukia wenyeji wao na kuua watu wapatao 38. Pale Glencoe kuna nyumba ya wageni yenye kibao mlangoni kinachosema wachuuzi na akina Campbell hawatakiwi. Siku hizi ni utani, lakini kwetu jambo la kumuua aliyekulisha lisingemalizwa kwa jani la isale la kuombea msamaha, hata ukibeba shamba zima la masale. Na huku mtoto anaitwa Campbell kwa sababu linaendana na rangi ya pazia.

Hapa Boston nako majina ya Kiairishi yalikuwa mzigo. Njaa kuu ya viazi, kati ya mwaka 1845 na 1852, iliua watu kama milioni moja Ireland, na zaidi ya milioni wakapanda meli. Walipofika huku wakakuta matangazo ya kazi yanayosema Mwairishi asijisumbue kuomba. Ukiitwa Sullivan au Kelly, mlango ulikuwa unajibu kabla hujabisha. Leo jina lilelile linachapishwa kwa wino wa dhahabu kwenye kadi za kumkaribisha mtoto. Bibi yangu wa chai haoni ajabu. Alisema, "Sisi tulilivaa likiwa linachoma. Wao wamelikuta limepoa." Kisha akalalamika kwamba chai nayo imepoa.

Nilitaka niwacheke Wamarekani mpaka mwisho wa karatasi, ila yupo Baba Mdogo Kennedy. Historia yake mnaijua kwa upande wetu. Kwa upande wa huku ni kwamba fundi mapipa mmoja, Patrick Kennedy, aliondoka Wexford wakati wa njaa ile akaja Boston. Kitukuu chake, John, alizaliwa Brookline, si mbali na hapa, mwaka 1917, akawa rais. Juni 1963 alikwenda Dunganstown, kwenye shamba la babu zake, akanywa chai na jamaa. Novemba 22 mwaka huohuo akauawa Dallas. Redio zikatangaza, na Afrika Mashariki nzima ikajaa Kennedy. Babu alimpa mwanawe jina hilo bila kuwa na shangazi wala shemeji kule Wexford. Sisi nasi tulichukua ukoo wa watu bila kulipa ada.

Jirani yangu ana binti wa miaka sita anayeitwa Kennedy, kwa maana huku siku hizi ni jina la kike hasa. Jumamosi moja alikuwa jikoni kwangu anakula chapati, simu ya video ikaita. Ni Baba Mdogo, na masharubu yake yote. Nikawatambulisha: Kennedy, huyu ni Kennedy. Mtoto akasogeza uso kwenye kioo, akamtazama sana, akaniuliza kwa sauti ya chini kwa nini yule mzee amepewa jina la msichana. Nikatafsiri. Baba Mdogo akanyamaza kidogo, akapangusa masharubu, akasema, "Mwambie mimi nilikuwepo kwanza." Mtoto akauliza kama anaweza kusuka nywele. Baba Mdogo akasema anaweza kukama ng'ombe. Wakakubaliana kwamba jina linawatosha wote wawili.

Tena Baba Mdogo hakusalimika kwa sababu anaitwa Kennedy. Jina la ukoo lilimfuata nyuma, na kila mchango ameutoa, wa harusi yangu pia. Kwa hiyo wazazi msiogope, wala msijidanganye. Mwiteni mtoto bonde au pua, kikao kitamfikia tu.

Uamuzi wa shangazi ndio huu. Padre atauliza mtakatifu. Waairishi wamejaaliwa watakatifu, wapo Patrick, Brigid, Brendan na Kevin, lakini Cameron hayumo, Logan hayumo, na mtaro haujatangazwa mwenye heri. Chagueni hapo la ubatizo. La nyumbani liwe la Babu, kwa kuwa ni mtoto wa kwanza wa kiume na zamu ni ya upande wetu. Wifi, wako atafuata, tutalinda nafasi yake. Likibaki jina moja la filamu kwa ajili ya picha za simu, sitagombana na mtu.

Na mchango wangu nimeupanga kwa jina. Akiitwa Cameron natuma blanketi. Akiitwa Logan natuma blanketi na soksi. Akiitwa Brody natuma ushauri. Akipewa la Babu, natoa mbuzi, dume, wa kuchagua mwenyewe Baba Mdogo Kennedy. Nijibuni mapema, maana Desemba wote mnarudi Moshi na mbuzi wanapanda bei.

Shangazi mtarajiwa,
Quincy, Massachusetts